Kabla ya Kuandika Programu, Tembea na Mama wa Maziwa

Najua nimepotea. Miezi miwili sijaandika lolote hapa, na wale wawili mlioniandikia barua pepe kuuliza kama blogu imekufa, ahsanteni, haijafa. Nilikuwa na kazi, kisha nikawa na safari, kisha nikawa na aibu. Leo nataka kuieleza hiyo aibu, maana imenifunza jambo ambalo sikulipata katika miaka minne ya shahada ya sayansi ya kompyuta.

Msimamo wangu nauweka hapa juu kabisa, ili asiye na muda asome aya hii aende zake. Mji wa Garissa unahitaji ziara ya kutembea kwa miguu katika soko lake la maziwa ya ngamia. Ziara hiyo iongozwe na akina mama wanaouza maziwa, na pesa ziwaendee wao. Na wateja wa kwanza tuwe sisi tunaojiita wataalamu: watengeneza programu, maafisa wa miradi, waandishi wa ripoti. Tunaamua mengi kuhusu soko ambalo hatujawahi kulitembea.

Mwenye muda, tuendelee.

Mtaa wa mabomba mekundu

Mwaka jana nilibahatika kupata mafunzo ya wiki tatu huko Hiroshima, Japani. Jumapili moja wenyeji wetu wakatupakia kwenye treni hadi Saijo, mji ulio mwendo wa dakika arubaini hivi kutoka Hiroshima. Saijo ni mji wa sake, ile pombe ya mchele ya Wajapani. Mimi ni Mwislamu na sinywi, kwa hiyo nilienda shingo upande nikijua nitakuwa yule mtu wa kushika mikoba ya wenzake.

Nikakosea. Ilikuwa siku bora kuliko zote za safari ile.

Karibu na stesheni kuna mtaa wenye viwanda saba vya sake, vimepangana umbali wa kutembea tu. Kuta nyeupe, vigae vya paa vyekundu, na juu yake mabomba marefu ya moshi ya matofali mekundu, kila moja limeandikwa jina la kiwanda. Kiongozi wetu alikuwa mzee wa pale pale mjini, aliyevaa kofia na viatu vya raba. Hakuwa na spika wala kifaa chochote. Alikuwa na miguu yake na maneno yake tu.

Alitusimamisha mbele ya kisima. Viwanda kadhaa vina visima vyao mbele, na wenyeji huja na chupa kuchota maji ya bure. Akatupa maji tunywe (hayo nilikunywa!), kisha akatueleza kwamba maji ya Hiroshima ni laini, yana madini machache. Chachu hupenda madini. Maji ya Nada, eneo la Kobe na Nishinomiya lililokuwa limeshika soko la sake, yana madini ya kutosha, na ndiyo maana sake ya kule ilichachuka vizuri na ya Hiroshima ikawa inaharibika. Basi mtengenezaji mmoja, Miura Senzaburo, akajaribu mwaka baada ya mwaka hadi akapata njia ya kuchachusha polepole kwa baridi, inayofaa maji laini. Mwaka 1898 akaichapisha njia yake wazi, ili washindani wake wote waitumie. Miaka miwili kabla yake, 1896, kampuni ya Satake ya hapo hapo Saijo ilikuwa imetengeneza mashine ya kwanza ya Japani ya kukoboa mchele kwa nguvu ya injini.

Mnaona? Hitilafu, majaribio, suluhisho, na mwishowe msimbo ukawekwa wazi kwa kila mtu, karne nzima kabla ya sisi kujisifu kwa programu huria. Nami nilielewa yote hayo nimesimama kando ya kisima, maji yakiwa bado mdomoni. Ningesoma ukurasa wa wavuti kuhusu maji laini, ningesahau kabla ya chakula cha mchana.

Desemba 2024 UNESCO iliuingiza utaalamu huo wa Wajapani wa kutengeneza sake katika orodha ya urithi usioshikika wa binadamu. Sikushangaa. Watu wanaojua kuonyesha kazi yao wakisimama mahali inapofanyika, dunia huwasikiliza.

Nikiwa kwenye treni ya kurudi, nikamkumbuka shangazi yangu. Ndipo aibu ilipoanza.

Programu iliyokuwa sahihi na ikakosea

Kabla ya safari hiyo nilikuwa nimetengeneza programu ya simu kwa ajili ya mradi mmoja wa maziwa. Mradi sitautaja, hata wenyewe hawakuwa na nia mbaya. Kazi ilikuwa rahisi: kila mama muuzaji aandike lita zilizoingia, lita zilizouzwa na lita zilizoharibika. Mimi niweke hifadhidata, nitoe ripoti kila mwisho wa wiki. Nilikaa Nairobi, nikapewa karatasi ya mahitaji, nikaandika. Programu ilikuwa nyepesi, ilifanya kazi hata mtandao ukikatika, na haikuanguka hata mara moja. Nilijivuna.

Katika fomu niliweka hali tatu za maziwa: mabichi, yaliyochemshwa, yaliyoharibika. Maziwa yaliyochacha yaliangukia wapi? Kwenye yaliyoharibika, bila shaka. Hivyo ndivyo karatasi ilivyosema, nami sikuuliza.

Ripoti zikatoka. Zikaonyesha akina mama wanapoteza maziwa mengi mno. Mkutano ukaitishwa hotelini, michoro yangu ya rangi ikawekwa ukutani, watu wakatikisa vichwa kwa masikitiko. Ikaamuliwa inunuliwe mashine ya kupozea maziwa, ili kuzuia hasara hiyo kubwa.

Shangazi yangu amekuwa akiuza maziwa Garissa tangu kabla sijazaliwa. Kwetu Wasomali shangazi upande wa baba huitwa Eedo, nami humwita hivyo. Alikuwa mmoja wa waliopewa simu za mradi. Nilipofika nyumbani likizo, nikamwonyesha mchoro wangu kwa fahari. Akautazama sana, kisha akaniuliza:

"Waryaa, hii rangi nyekundu ni nini?"

"Ni maziwa yaliyoharibika, Eedo."

"Haya ni susa," akasema. "Susa ndiyo iliyokusomesha."

Kwa wasomaji wasioijua: susa (Kisomali huandikwa suusac) ni maziwa ya ngamia yaliyochachushwa kwa makusudi. Maziwa huwekwa kwenye chombo kilichofukizwa moshi, yakaachwa siku moja au mbili kwenye joto la kawaida. Haongezi mtu chochote; wadudu wadogo walio ndani ya maziwa na chombo ndio wanaofanya kazi. Watafiti wa Kenya waliichunguza na mwaka 2005 wakachapisha matokeo: ndani ya susa mna bakteria wa asidi ya maziwa wa aina kadhaa, na hamira pia. Yaani kuna jamii nzima ya wafanyakazi mle, kama vile katika pipa la sake mna ukungu wa koji na hamira vikifanya kazi pamoja. Tofauti ni kwamba susa si pombe. Huchacha, haileweshi.

Kwa hiyo sehemu kubwa ya "hasara" niliyoiripoti ilikuwa bidhaa. Ilikuwa ndiyo karo yangu ya shule. Na mashine ya kupozea, iliyonunuliwa kwa sababu ya safu moja kwenye hifadhidata yangu, ilifika ikawa haipokei maziwa yaliyoanza kuchacha, na umeme ukikatika nayo hulala. Mara ya mwisho nilipoiona, juu yake palikuwa pameanikwa leso.

Hakuna mdudu wa programu niliyewahi kumtengeneza aliyegharimu pesa nyingi kiasi hicho. Wala kompyuta haikutoa onyo lolote. Msimbo ulikuwa sahihi. Aliyeuandika ndiye hakuwa amefika sokoni.

Asubuhi na Eedo

Niliporudi kutoka Japani nilimwomba Eedo kitu ambacho sijawahi kumwomba maisha yangu yote: anitembeze. Akacheka. "Wewe umezaliwa hapa, nikutembeze wapi?" Lakini baada ya swala ya alfajiri alikuwa mlangoni ananingoja.

Tulianzia panaposhushwa maziwa. Magari yanaingia kutoka upande wa Dadaab na upande wa Modogashe, mitungi ya plastiki ya manjano imefungwa juu na kando kama vifaranga mgongoni mwa kuku. Mingine inakuja kwa punda na kwa bodaboda. Mimi niliona mitungi inayofanana. Eedo aliona majina. Kitambaa chekundu kwenye mpini ni cha familia fulani. Fundo mbili za kamba ni za mjane fulani aliye mbali, ambaye maziwa yake yakipita hapo jana bila fundo, ujue mtu kayachanganya njiani. Nami nilikuwa nimempa simu yenye sehemu ya kuandika "namba ya msambazaji"!

Akafungua mtungi, akanusa, akafunga. Akafungua mwingine, akanusa, akausogeza kando. Nikauliza kuna nini. Akasema ule wa kwanza umefukizwa jana, wa pili una siku tatu haujapata moshi, haya tuyauze mapema au tuyachemshe. Nikamwambia ningeweza kuongeza jambo hilo kwenye programu.

"Waryaa," akasema, "hiyo simu yako ina pua?"

Tukaenda kwa mama anayefukiza vyombo. Vijiti vikavu vya mgunga na miti mingine huwashwa hadi vinakuwa makaa, vikatiwa ndani ya chombo, kikafunikwa, kikatikiswa, kikapanguswa. Moshi hupunguza vijidudu, hulinda maziwa yasiharibike upesi na huyapa ile ladha ambayo mtu wa kwetu akiionja Eastleigh hunyamaza kidogo. Zamani kazi hii ilifanywa kwa dhiil, chombo cha asili kinachofunguka vizuri mdomo. Mtungi wa plastiki ni mwepesi na wa bei rahisi, lakini mdomo wake ni mwembamba, mkono haupiti, na kuusafisha vizuri ni kazi. Eedo hakunificha hilo. "Plastiki imetuokoa mgongo, ikatuharibia maziwa," alisema. Kwa maneno machache alikuwa ameniandikia nusu ya karatasi ya mahitaji ambayo mradi haukuwahi kuwa nayo: tatizo lilikuwa chombo kuliko joto.

Tukaketi hotelini kunywa chai ya maziwa ya ngamia kwa anjera. Hapo nikajifunza kwa nini hakuna jibini ya ngamia madukani kama ilivyo ya ng'ombe: protini za maziwa ya ngamia hazigandi kwa urahisi, kwa hiyo hata susa hubaki nyepesi, ya kunywa, haiwi donge kama maziwa lala. Mwenye hoteli hakutumia neno protini. Alisema tu, "Ngamia hapendi kufungwa." Nililitafuta baadaye kwenye vitabu, nikakuta yuko sawa.

Tukapita soko la mifugo, moja ya masoko makubwa ya mifugo katika Kenya yote. Madalali wanashikana mikono chini ya kitambaa, bei inasemwa kwa vidole, mtu wa tatu hasikii kitu. (Ninyi mnaosoma usalama wa mawasiliano, huo ndio usimbaji fiche.) Tukaishia karibu na daraja la mto Tana, mashamba ya ndizi yakionekana kijani kando ya maji na Madogo ng'ambo. Eedo akanionyesha barabara. Mafuriko ya Novemba 2023 na ya Aprili 2024 yaliikata njia hii ya Nairobi. Maziwa yaliyozoea kupanda basi kwenda Eastleigh yakakwama. "Siku hizo," akasema, "susa ndiyo iliyotulinda. Mabichi hayangojei barabara."

Saa mbili na nusu tu, na labda kilomita tatu. Nilijifunza zaidi ya nilichojifunza katika miezi sita ya mradi.

Kwa nini ziara, na si ripoti nyingine?

Wenzangu wa kompyuta wataniambia: sawa, ulikosea kukusanya mahitaji, rekebisha fomu, endelea. Nimeshairekebisha. Lakini hiyo si dawa.

Kila mfumo una nyaraka zake. Na kila aliyewahi kurithi programu ya mtu mwingine anajua kwamba nyaraka zilizoandikwa mara moja zikaachwa ni hatari kuliko kutokuwa na nyaraka, maana zinakudanganya kwa ujasiri. Zinazofaa ni zile zinazotunzwa na anayeuendesha mfumo, kila siku. Ziara ya kutembea ni nyaraka za aina hiyo. Barabara ikikatika, ziara inabadilika. Chombo kipya kikija, kituo kipya kinaongezwa. Na ukiuliza swali la kipumbavu, unajibiwa hapo hapo, kwa kicheko, kabla halijawa safu kwenye hifadhidata na mashine ya kuanikia leso.

Pili, wenye kujua wanazeeka. Eedo magoti yanamsumbua. Binti yake anasomea uuguzi, na Eedo mwenyewe hataki aje kukaa sokoni juani. Simlaumu. Lakini pua ile haiwezi kunakiliwa kwenye diski. Kazi ya kuonyesha wageni ingewapa wazee kama yeye kipato kisichohitaji kubeba mitungi, na ingempa kijana wa kumfasiria sababu ya kusikiliza maelezo hayo mara mia. Ukisikiliza jambo mara mia, limekuwa lako.

Tatu, na hili ndilo linalonigusa zaidi. Eneo letu lina historia ndefu ya kutotembelewa. Serikali ya kikoloni iliifanya Northern Frontier District wilaya iliyofungwa mwaka 1926. Mgeni kuingia alihitaji kibali. Baada ya Uhuru ikaja hali ya hatari, na haikuondolewa hadi 1991. Kisha tarehe 2 Aprili 2015 yakatokea mauaji ya Chuo Kikuu cha Garissa, watu 148 wakapoteza maisha, na jina la mji wetu likageuka kuwa jina la msiba. Tangu hapo wageni wengi huja kwa msafara wa magari, hulala hoteli yenye ukuta, huhudhuria warsha, huondoka. Wanaandika kuhusu Garissa waliyoiona kupitia kioo cha gari. Mimi ni mzaliwa wa hapa na nilifanya kosa hilo hilo kutoka Nairobi, je, wao?

Majibu kwa mtakayosema

"Nani atakuja? Usalama je?" Siwaalike kesho watalii kutoka Ulaya. Najua kuna serikali za nje zinazowaonya raia wake, na sina dharau na hofu ya mtu. Lakini mji tayari umejaa wageni wasiohitaji ndege: walimu na wauguzi waliopangiwa kazi huku, wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Garissa kilichofunguliwa tena Januari 2016, wafanyakazi wa kaunti kutoka kabila na pembe mbalimbali. Na kuna watoto wetu wenyewe. Kaunti hii ilikuwa na watu 841,353 kwa hesabu ya 2019, na watoto wengi wa mjini wanajua maziwa ya pakiti kuliko ya ngamia. Shule moja ikileta darasa moja kwa mwezi, ziara imeanza.

"Utawageuza mama zetu maonyesho." Hofu hii ni halali. Ndiyo maana nasema waongoze wao. Kule Saijo yule mzee ndiye aliyetupangia tusimame wapi, tupige picha wapi, na lini tunyamaze kwa sababu watu wako kazini. Tulikuwa wageni wake, hatukuwa watazamaji. Anayeshika ziara ndiye anayeshika heshima.

"Maziwa mabichi yana magonjwa." Kweli kabisa, na huu si utani. Brusela ipo katika mifugo ya kaskazini, na kuchachusha peke yake si hakikisho la kuiua. Wageni wapewe chai au maziwa yaliyochemshwa, na kiongozi aseme kwa nini. Ziara nzuri haifichi hitilafu. Ikionyesha wazi taabu ya mitungi ya plastiki, huenda mgeni mmoja akaenda kutafuta vyombo bora vya kuoshwa badala ya mashine nyingine ya kupozea.

"Na wewe utapoteza kazi." Hapana. Nitafanya kazi nzuri zaidi.

Pendekezo, toleo 0.1

Wageni wasizidi sita. Waanze saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kabla ya jua kuwa kali, wamalize saa tatu. Vituo vitano: panaposhushwa maziwa, penye kufukizwa vyombo, kibanda cha kuuzia, hoteli ya chai, na daraja. Ijumaa mapumziko. Sura ya mtu isipigwe picha bila ruhusa yake. Kila mgeni anunue angalau gilasi moja. Malipo yaende kwa M-Pesa moja kwa moja kwa mama aliyeongoza siku hiyo, kwa zamu wanayoipanga wenyewe, bila ofisi katikati.

Teknolojia? Namba moja ya simu, na karatasi moja iliyochapishwa pande mbili, Kiswahili na Kisomali. Basi. Nimejizuia kutengeneza programu yake, na kwa mtu kama mimi hilo ni jihadi ndogo.

Kenya ilihesabu ngamia takriban milioni 4.6 mwaka 2019. Umoja wa Mataifa uliupa mwaka 2024 jina la Mwaka wa Kimataifa wa jamii ya ngamia. Hatukosi mali wala hatukosi elimu. Tunachokosa ni ule mzee wa Saijo: mtu aliyepewa nafasi na malipo ya kusimama kando ya kisima chake na kusema, hapa ndipo ilipoanzia.

Tumeshafanya jaribio moja. Jumamosi mbili zilizopita nilimletea Eedo wageni wanne: walimu wawili, muuguzi mmoja na kijana wa chuo anayesomea kompyuta. Nilikaa nyuma, sikusema kitu. Walipofika kwenye mitungi, kijana akatoa simu, akamuuliza Eedo kama amewahi kufikiria kutumia programu kurekodi maziwa yake.

Eedo akanitazama, akatabasamu, akamfungulia mtungi.

"Kwanza nusa," akamwambia.

Haya, nimesema yangu. Kama uko Garissa, au utapita, niandikie nikuunganishe naye. Na kama una hoja ya kunipinga, uwanja wa maoni uko wazi hapo chini, ila useme kwanza kama umewahi kuonja susa.